UZI: Timu ya taifa inafuzu vipi Kombe la Thomas na Kombe la Uber? Karibuni tuchambue

MlinziWaNeti (mleta uzi)

Wakuu, salaam.

Kila msimu wa mashindano haya ya badminton (mpira wa vinyoya) ukikaribia, swali ni lile lile: mbona timu fulani ilitolewa mapema kwenye ubingwa wa bara lake, halafu tunaikuta kwenye fainali za dunia? Wengine wanafika mbali na kusema kuna kubebana. Hakuna kubebana. Kuna utaratibu, na ukiuelewa utaanza kufuatilia mchezo huu miezi kadhaa kabla ya droo kupangwa, wakati ambapo nusu ya mambo yanaamuliwa.

Kwa wageni: Kombe la Thomas ni la timu za taifa za wanaume, Kombe la Uber ni la wanawake. Tangu 1984 yanachezwa kwa pamoja, mji mmoja na siku zile zile, kila baada ya miaka miwili. Kombe la Sudirman ni la timu mchanganyiko, wanaume kwa wanawake, na hilo huangukia miaka ya witiri. Uzi huu ni wa Thomas na Uber, ingawa Sudirman tunaweza kuligusa mbele.

Pambano moja kati ya nchi mbili lina mechi tano: tatu za mmoja mmoja na mbili za wawili wawili. Atakayeshinda tatu kachukua pambano. Shikeni hesabu hiyo ya tatu na mbili, maana ndiyo inayotawala hata namna ya kufuzu.

Fainali zina timu 16. Hazikuwa hivyo zamani. Kuanzia 1984 zilikuwa timu 8, mwaka 2004 zikawa 12, na 16 zilianza New Delhi mwaka 2014. Timu hizo hugawanywa makundi manne, mbili za juu kila kundi zinaingia robo fainali.

Sasa, unaingiaje kwenye hizo 16? Milango ni minne.

Mwenyeji anaingia moja kwa moja. Bingwa mtetezi naye vivyo hivyo. Hiyo miwili haina maneno mengi.

Mlango wa tatu ni ubingwa wa bara kwa timu, ambao kwa kawaida huchezwa mwezi Februari wa mwaka wa fainali. Kwa Asia na Ulaya, wanaofika nusu fainali wanakata tiketi. Kwa Afrika, Amerika na Oceania, tiketi ni ya bingwa. Ukiwa wa pili Afrika, hata kama fainali mmepoteza 3-2 kwa pointi mbili za seti ya mwisho, mlango huo umeshafungwa.

Mlango wa nne ni viwango vya dunia vya timu. Nafasi zinazobaki baada ya hiyo milango mitatu hujazwa kwa kushuka na orodha ya viwango. Watu wengi wanauona mlango huu kama wa uani. Nawapa mfano mmoja tu, kisha mniambie kama ni wa uani.

Februari 2022, ubingwa wa timu wa Asia, Shah Alam, Malaysia. India wanaume hawakutoka hata kwenye kundi lao. Nusu fainali walienda Malaysia, Indonesia, Korea Kusini na Singapore. Mei mwaka huo huo, Bangkok, India hao hao wakiwa wameingia kwa viwango wakatwaa Kombe la Thomas kwa mara ya kwanza katika historia yao, kwa kuifunga Indonesia 3-0 kwenye fainali. Indonesia ndio walikuwa mabingwa watetezi, na hakuna nchi iliyolitwaa kombe hili mara nyingi kuwazidi.

Na wala haikuwa mteremko. Robo fainali waliitoa Malaysia 3-2, nusu fainali Denmark 3-2, na mara zote mbili mechi ya tano, ile ya kufa na kupona, aliibeba HS Prannoy. Ile ya Denmark mimi huirudia mara kwa mara. Matokeo ni 2-2, Prannoy anacheza na Rasmus Gemke, anateleza, kifundo cha mguu kinapata tabu, anatibiwa uwanjani. Seti ya kwanza anapoteza 13-21. Anarudi, anachukua ya pili 21-9 na ya tatu 21-12. Mtu anayecheza mmoja mmoja wa tatu! Yule ambaye kwenye mabango ya matangazo hayupo.

Ndiyo maana nasema kufuzu kwa timu ni habari ya kina cha kikosi kuliko nyota. Karibuni.

---

Kinyoya77

Mkuu umeanza vizuri. Hapo kwenye viwango vya timu ndipo pananichanganya. Timu haina pointi, wenye pointi ni wachezaji. Hivyo viwango vya nchi vinatoka wapi?

---

MlinziWaNeti

Swali zuri, Kinyoya. Kwa Kombe la Thomas wanachukua wachezaji watatu wa juu wa nchi kwenye mmoja mmoja, na jozi mbili za juu kwenye wawili wawili, wanajumlisha pointi zao. Kwa Uber ni hivyo hivyo upande wa wanawake. Unaona? Ni ile ile tatu na mbili ya pambano. Orodha inajaribu kupima pambano kabla halijachezwa.

Sasa tuseme nchi ina mchezaji mmoja aliye kwenye tano bora za dunia, halafu anayemfuata yuko nafasi ya 180 na wa tatu hana pointi kabisa. Na nchi nyingine haina mtu kwenye 20 bora, lakini ina watatu kati ya 30 na 60 na jozi mbili za maana. Hiyo ya pili itaipita ya kwanza kwa mbali, na uwanjani pia itaifunga.

Angalia Hispania. Carolina Marín ni bingwa wa Olimpiki wa 2016 na bingwa wa dunia mara tatu (2014, 2015 na 2018). Hispania haijawahi kulitwaa Kombe la Uber. Marín akiwa moto kiasi gani, kwenye mmoja mmoja anakupa pointi moja kati ya tano.

---

DadaRaketi

Naomba niongezee kwenye pointi za wachezaji, maana hapa ndipo penye uchungu wenyewe na watu hawapaoni.

Kiwango cha mchezaji kinahesabiwa kwa mashindano yake kumi bora ndani ya wiki 52. Sawa, ni haki, hakuna anayebebwa na matokeo ya miaka mitatu iliyopita. Lakini tazameni pointi zenyewe kwa jedwali lililoanza kutumika 2018. Bingwa wa shindano la daraja la Super 1000, yale makubwa ya juu, anapata 12,000. Bingwa wa International Challenge, daraja la chini, anapata 4,000. Bingwa wa International Series, chini zaidi, 2,500.

Sasa jambo lenyewe ni hili: mtu anayetolewa raundi ya kwanza kwenye Super 1000 anapata 3,000. Narudia. Kupoteza mechi yako ya kwanza kule juu kunakupa pointi nyingi kuliko kuchukua ubingwa mzima wa International Series, ambako umecheza wiki nzima na kushinda kila aliyesimama mbele yako.

Na kule juu huingii bila kuwa na kiwango kizuri tayari. Kwa hiyo aliye ndani anaendelea kubaki ndani kwa urahisi, na aliye nje lazima asafiri mashindano mengi madogo, nchi baada ya nchi, tiketi za ndege, malazi, kocha, ili akusanye kidogo kidogo. Hapo ni mchezaji mmoja. Timu inahitaji watatu wa mmoja mmoja na jozi mbili. Piga hesabu ya safari hizo kwa shirikisho lenye bajeti finyu. Ndiyo maana nasema mlango wa nne upo kwa wote kwenye karatasi, ila kwa nchi nyingi haujawahi kuwa wazi.

Sisemi pointi zigawiwe bure. Anayepambana na kumi bora wa dunia anastahili zaidi. Lakini pengo kati ya raundi ya kwanza kule na ubingwa huku ni kubwa mno, na linaamua nani anaonekana kwenye fainali za timu.

---

MstariWaNyuma

Dada hapo umegusa penyewe. Na mimi ningependa wenye mamlaka ya mchezo wasome hii.

Ila upande wa pili nao una malalamiko yake. Asia ina timu nyingi kali, kila moja ingeweza kuleta taabu robo fainali. Timu inayoshika nafasi ya saba au ya nane Asia ingeifunga bingwa wa Afrika au wa Oceania bila shida. Halafu tunaona makundi yenye matokeo ya 5-0, 5-0. Je, tiketi ya bara kwa kila bara inasaidia mchezo, au inajaza nafasi tu?

---

MlinziWaNeti

MstariWaNyuma, nimelifikiria sana hilo na msimamo wangu ni huu: bila tiketi ya bara, haya si mashindano ya dunia, yanakuwa ubingwa wa Asia wenye wageni watatu kutoka Ulaya. Hadi 2024, Kombe la Thomas limekwenda Indonesia mara 14, China mara 11, Malaysia mara 5, na Japan, Denmark na India mara moja moja. Ukiacha Denmark, waliolitwaa Kunshan mwaka 2016 kwa kuifunga Indonesia 3-2, ni Asia tupu. Kama mabara mengine hayaruhusiwi hata kuingia, yatajifunzia wapi?

Na hiyo 5-0 tusiitazame juu juu. Hatua ya makundi mechi zote tano huchezwa, hata kama pambano limeshaamuliwa 3-0, kwa sababu idadi ya mechi ambazo timu imeshinda inaweza kuamua nani anapita. Maana yake mchezaji wa tatu na jozi ya pili ya nchi ndogo wanapata mechi kamili, kwenye uwanja mkubwa, dhidi ya watu ambao wangekutana nao kwa nadra sana kwenye ratiba ya kawaida. Hatua ya mtoano ni tofauti, huko mmoja akifika tatu pambano limekwisha.

---

PembeYaUwanja

Na tuseme wazi, wanaopita kwa tiketi ya bara wanaitolea jasho. Mwaka 2024 Uganda wanawake walikuwa Chengdu kwenye Kombe la Uber, na Algeria wanaume kwenye Kombe la Thomas. Uganda walipangwa kundi moja na Japan, Indonesia na Hong Kong. Jamani, Japan na Indonesia kwa mpigo. Mabinti wale waliingia pale kwa kushinda ubingwa wa Afrika, hakuna aliyewapa.

Mwaka 2016 zamu ilikuwa ya Afrika Kusini kwa wanaume na Mauritius kwa wanawake. 2014 Nigeria walicheza Kombe la Thomas. Kwa hiyo tiketi haina mwenyewe, inazunguka, na hilo peke yake linafanya ubingwa wa timu wa Afrika kuwa wiki yenye presha kuliko watu wanavyojua. Mchezaji akiumwa mafua siku ya nusu fainali, miaka miwili imekwenda.

---

Kinyoya77

Hiyo ya miaka miwili ndiyo inauma. Swali lingine, Mkuu. Kocha hawezi kucheza na akili hapo? Yaani amfiche mkali wake kwenye mmoja mmoja wa tatu, akapate pointi ya uhakika?

---

MlinziWaNeti

Hawezi. Wachezaji wa mmoja mmoja wanapangwa kwa kufuata viwango vyao vya dunia, mwenye kiwango cha juu kati ya waliochaguliwa anacheza wa kwanza. Kocha anachagua nani acheze na nani apumzike, ila mpangilio hauchagui. Utaratibu huu naupenda kwa moyo wote. Wa kwanza anakutana na wa kwanza, na hakuna nchi inayoweza kufunika udhaifu wake kwa ujanja wa karatasi.

Kanuni nyingine ya kujua: mchezaji mmoja anaruhusiwa mechi mbili kwenye pambano, moja ya mmoja mmoja na moja ya wawili wawili. Nchi ndogo zinategemea sana hiyo. Wachezaji wanne wanatosha kujaza mechi zote tano. Lakini jaribu kufikiria miguu ya mtu anayecheza seti tatu za mmoja mmoja, anapumzika kidogo, anarudi kwenye wawili wawili, na kesho yake kuna pambano lingine. Kwenye ubingwa wa bara, wenye kikosi kipana huanza kuonekana kuanzia siku ya tatu au ya nne.

---

DadaRaketi

Kweli kabisa. Na wawili wawili ndiko nchi nyingi hupuuza. Mashirikisho hulea watoto wa mmoja mmoja kwa sababu ndio wanaopewa majina makubwa, halafu wanaunganisha wawili wiki mbili kabla ya mashindano na kuwaita jozi. Mechi mbili kati ya tano! Ukiwa na jozi mbili zilizokaa pamoja miaka mitatu, zinazojua nani anafuata kinyoya cha katikati bila kusemezana, unahitaji ushindi mmoja tu wa mmoja mmoja. Kwa nchi isiyo na nyota, hiyo ndiyo njia fupi zaidi ya kushinda ubingwa wa bara, na nashangaa kwa nini haijaribiwi kwa makusudi.

---

MtazamajiMpya

Habari zenu. Mimi ni mgeni kwenye mchezo huu ila uzi umenivuta. Naomba kuuliza: timu ikifuzu halafu ikajitoa, au bara lisicheze kabisa, inakuwaje?

---

MlinziWaNeti

Karibu sana. Nafasi hujazwa na timu nyingine, hakuna kuacha kundi na pengo. Mfano mzuri ni fainali za 2020, zilizosogezwa mara kadhaa kwa sababu ya korona hadi zikachezwa Aarhus, Denmark, Oktoba 2021. Upande wa Oceania, tuliozoea kuwaona ni Australia na New Zealand. Safari ile walioonekana Aarhus ni Tahiti, wanaume na wanawake. Kisiwa cha katikati ya Pasifiki, uwanjani na India kwenye Kombe la Thomas. Walipoteza, lakini walicheza.

Na fainali hizo hizo zina mfano wa mlango wa nne ambao ni mkali kuliko ule wa India. Ubingwa wa timu wa Asia wa 2020 ulichezwa Manila, na China hawakushiriki kwa sababu ya vizuizi vya kusafiri vilivyoanza wakati ule. Wanaume wao walikuwa mabingwa watetezi wa Thomas, kwa hiyo hawakuwa na wasiwasi. Wanawake je? Mtetezi wa Uber alikuwa Japan, mwenyeji alikuwa Denmark, na bara hawakucheza. Kilichobaki ni viwango tu. Wakaja Aarhus, wakafika fainali, wakaifunga Japan 3-1 na kuondoka na kombe.

---

MstariWaNyuma

Huo mfano umenimaliza. Bila mlango wa nne, bingwa wa dunia angekuwa nyumbani anatazama kwenye runinga.

Na mwenyeji akishinda pia ubingwa wa bara? Mfano 2024 China walikuwa wenyeji na wakawa mabingwa wa Asia wanaume. Tiketi yao ya pili inakwenda kwa nani, wa tano wa Asia?

---

MlinziWaNeti

Nafasi inayobaki inaangukia kwenye orodha ya viwango. Haimrudii moja kwa moja aliyetolewa robo fainali Asia. Ila kwa kuwa orodha ya juu imejaa timu za Asia, mara nyingi anayefaidika ni Mwasia mwingine. Mwaka huo huo wa 2024 Indonesia wanaume hawakufika nusu fainali ya Asia. Waliingia kwa viwango, wakaenda hadi fainali ya Chengdu, wakapoteza 3-1 kwa China.

---

PembeYaUwanja

Mkuu, umesema Sudirman utaligusa.

---

MlinziWaNeti

Kwa ufupi. Lilianza Jakarta mwaka 1989. Pambano lake pia ni mechi tano, ila ni moja ya kila aina: mmoja mmoja wanaume, mmoja mmoja wanawake, wawili wawili wanaume, wawili wawili wanawake, na mchanganyiko. Kwa miaka mingi halikuwa na mchujo. Nchi zilikuwa zinajiandikisha na kupangwa kwenye madaraja kwa viwango, na ni wa daraja la juu pekee waliokuwa wakigombea kombe lenyewe. Nanning mwaka 2019 zilikuja timu 31. Kuanzia Vantaa, Finland, mwaka 2021 likawa la timu 16 na kufuzu kunafanana na huku, kupitia ubingwa wa bara wa timu mchanganyiko na viwango.

Mimi nilipenda ule mfumo wa madaraja. Nchi changa ilikuwa inakutana na nchi ya kiwango chake, inashinda, inapanda. Sasa daraja hizo hazipo, na timu ambayo ingecheza mapambano manne au matano ya maana daraja la tatu haichezi chochote mwaka huo baada ya ubingwa wa bara. Nikipewa nafasi ya kuomba jambo moja kwa shirikisho la dunia, ningeomba hilo lirudi kwa namna yoyote, hata kama kombe lenyewe litabaki la timu 16.

---

DadaRaketi

Naunga mkono. Kwa Sudirman nchi yenye mwanamke mmoja mzuri, mwanaume mmoja mzuri na jozi ya mchanganyiko iliyokomaa ina pointi tatu tayari. Ni kombe ambalo nchi ndogo ingeweza kujengea timu mapema kuliko Thomas au Uber. Wanaoanza programu zao leo waanzie hapo, kisha wapanue.

---

Kinyoya77

Nimeelewa sasa. Kwa hiyo Februari ya mwaka wa fainali nafuatilia mabara yote matano, halafu naangalia orodha ya viwango nione nani kabaki juu bila tiketi. Ukipata matokeo ya mabara tupia humu, Mkuu, tuhesabu pamoja nafasi zilizobaki kabla ya majina kutangazwa.

---

MlinziWaNeti

Nitayaweka kila siku yakitoka, Afrika kwanza.